Sanaa Ni Mali, Daftari Liko Wapi?

Waheshimiwa viongozi mlioketi mbele, wasanii, mafundi mitambo, washonaji, wazazi mliowasindikiza watoto wenu, na nyie vijana mliosimama huko nyuma kwa kukosa viti: habari za jioni.

Mimi sikujaliwa sauti wala mkono wa kuchora. Ni mhasibu. Kwa miaka mingi kazi yangu imekuwa kushika vitabu vya hesabu vya watengenezaji wa filamu, bendi na studio, na nimeombwa nizungumzie mchango wa sanaa katika uchumi wa nchi zinazoendelea. Nitazungumza kama mhasibu. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na sijapata usemi unaoieleza sekta hii vizuri kuliko huo. Mali tunayo, inazalishwa kila siku, ila haijaandikwa. Na kwa kuwa haijaandikwa, inaondoka huku sisi tukipiga makofi.

Niruhusuni nianze na ukurasa mmoja wa daftari langu.

Ilikuwa siku ya kumi na moja ya kupiga picha za filamu moja ndogo, ya bajeti ya kubanabana. Onyesho la siku hiyo lilikuwa na watu wanne: mama, binti yake, jirani, na mgeni anayebisha hodi. Mtazamaji atawaona hao wanne kwa dakika tatu, basi. Kwenye ukurasa wangu wa malipo wa siku hiyo kuna majina 37. Kuna mpiga picha na msaidizi wake. Kuna watu watatu wa taa. Kuna kijana wa sauti, ameshika kijiti kirefu chenye maikrofoni juu ya vichwa vya waigizaji mpaka mikono inamtetemeka. Kuna mpambaji. Kuna mshonaji aliyekaa barazani na cherehani yake akipunguza gauni la binti, maana siku hiyo lilionekana refu kuliko lilivyoonekana jana yake, na mtazamaji hasamehe kosa kama hilo. Kuna seremala aliyejenga ukuta wa bandia, na mchoraji aliyeupaka rangi ukaonekana umekula chumvi. Kuna mpishi na wasaidizi wake wawili, madereva, mlinzi, mwenye nyumba aliyekodisha sebule yake, mwenye jenereta. Na kuna mzee mmoja ambaye kazi yake ilikuwa kuzunguka kwa majirani na kuwaomba wazime redio kila kamera inapowashwa.

Mzee yule alipopokea malipo yake jioni alizihesabu noti mara mbili, akaziweka mfuko wa ndani, akaniuliza kama na kesho kuna kazi.

Nawaomba mumkumbuke mzee huyo mnaposikia watu wakisema sanaa ni burudani tu. Zaidi ya nusu ya watu waliokuwa kwenye ukurasa ule hawakuwa na cheti cha kazi waliyoifanya. Waliijua kwa kuishika, kwa kumtazama aliyetangulia. Nchi yenye vijana wengi na nafasi chache za ajira inahitaji kwa udi na uvumba kazi za namna hiyo. Na kuna jambo jingine ambalo wachumi huwa hawalitilii uzito wa kutosha. Kiwanda cha nguo kinaweza kufungwa leo na kufunguliwa kesho katika nchi yenye umeme wa bei nafuu zaidi. Hadithi ya mama yule na binti yake, kwa lugha yao, kwa namna wanavyonyamaziana wakiwa wamekasirika, haiwezi kutengenezwa vizuri na mtu asiyewajua. Malighafi yake haihamishiki.

Lakini siku ileile, kama karani wa takwimu angepita majumbani mwa watu wale 37, wengi wangeandikwa kwamba hawana ajira. Wenyewe wangejibu hivyohivyo. Mtu huulizwa, "Unafanya kazi gani?" naye anajibu, "Nabangaiza tu." Kubangaiza kule ndiko kulikolipa ada ya shule ya watoto.

Nigeria wanalijua hili kuliko wote. Mwaka 1992 mfanyabiashara aitwaye Kenneth Nnebue alitengeneza filamu ya Kiigbo moja kwa moja kwenye kanda ya video, akaiuza sokoni kama bidhaa nyingine yoyote, bila kupita kwenye ukumbi wa sinema. Inaelezwa kwamba alikuwa na shehena ya kanda tupu, akaona zitauzika vizuri zaidi zikiwa na kitu ndani. Kanda ile ikavuta nyingine, na nyingine, mpaka nchi ikawa inatoa mamia ya filamu kwa mwaka, kisha maelfu. Watu wakaajiriwa, vibanda vya kanda vikajaa, majirani zao wa Afrika nzima wakawa wanatazama. Wakati wote huo uchumi wa Nigeria ulikuwa ukipimwa kwa mizani ya mwaka 1990, yaani miaka miwili kabla ya kanda ile ya kwanza. Kwenye mizani hiyo filamu karibu haikuwepo kabisa.

Aprili 2014 ofisi ya takwimu ya nchi hiyo ilibadilisha mwaka wa msingi, yaani ule mwaka wa mizani, ikaongeza idadi ya sekta zinazohesabiwa, ikajumlisha upya. Pato la taifa la mwaka 2013 likaonekana kubwa kuliko lilivyodhaniwa kwa takriban asilimia 89, likafika kama dola bilioni 510, na Nigeria ikaipita Afrika Kusini kwa ukubwa wa uchumi barani. Nisiwadanganye: sehemu kubwa ya ongezeko lile ilitoka kwenye simu za mkononi na huduma nyingine. Ila filamu na muziki navyo vilipata mstari wao kwa mara ya kwanza, na kwa pamoja vikaonekana kuzidi asilimia 1 ya pato lote. Siku ile ya kutangaza hesabu mpya hakuna kamera iliyowashwa kwa ajili hiyo wala wimbo ulioongezwa. Kilichoongezeka ni mistari kwenye daftari.

Mtu anaweza kuuliza, kuna faida gani kuandikwa, ikiwa fedha ilikuwa inazunguka vilevile? Faida ni kubwa. Kisichoandikwa hakikopesheki. India ilikuwa ikitoa mamia ya filamu kwa mwaka kabla wengi wenu hamjazaliwa, lakini benki zake hazikuwa zikiwakopesha watengenezaji, kwa sababu serikali haikuitambua filamu kuwa sekta ya viwanda. Watayarishaji walikopa kwa watu binafsi kwa riba za kuumiza, na baadhi ya fedha hizo zilikuwa za wahalifu. Serikali ilitangaza kuitambua sekta hiyo mwaka 1998, na baada ya hapo ndipo benki zilipoanza kufungua milango. Tangazo moja tu, na mtengenezaji wa filamu akapata haki ya kukaa mbele ya meneja wa benki kama mwenye kiwanda cha sabuni.

Mimi mwenyewe nimewahi kumsindikiza mtayarishaji kwenda kuomba mkopo. Alikuwa na filamu tano zilizokamilika, mikataba miwili ya vituo vya televisheni na barua ya msambazaji. Afisa wa mikopo, kijana mstaarabu kabisa, alizisoma karatasi zote kwa makini, kisha akauliza, "Na hati ya kiwanja?" Tukaondoka. Filamu tano haziwi dhamana, kiwanja kitupu chenye majani kinakuwa. Simlaumu yule kijana. Hakuwa na mwongozo wowote wa kumwambia filamu ina thamani gani, kwa sababu hakuna aliyeshika kumbukumbu za filamu zilizotangulia ziliingiza kiasi gani.

Sasa nije kwenye lililonileta.

Mwaka 1939, Johannesburg, kijana wa Kizulu aitwaye Solomon Linda aliingia studio na kundi lake, akaimba wimbo wake, "Mbube", yaani simba. Linda alikuwa akifanya kazi ya upakiaji katika ghala la kampuni hiyohiyo iliyomrekodi. Wimbo ulipendwa, ukauzwa sana Afrika Kusini. Yeye, inaelezwa, alipata kama shilingi 10, na haki za wimbo zikabaki kwa kampuni. Miaka ya 1950 ukaimbwa Marekani na kundi la The Weavers. Mwaka 1961 ukabadilishwa maneno, kundi la The Tokens wakauimba, ukashika namba moja Marekani. Mwaka uliofuata, 1962, Solomon Linda akafariki akiwa maskini, na mjane wake hakuweza hata kununua jiwe la kaburi.

Mwaka 1994 wimbo huo ukaingia kwenye filamu ya katuni ya Disney iliyotazamwa dunia nzima. Binti za Linda walikuwa wakiishi maisha ya dhiki huku watoto wa kila bara wakiimba sauti ya baba yao. Mwaka 2000 mwandishi Rian Malan akaifuatilia habari ile hadi ikajulikana ulimwenguni, mawakili wakaingia, kesi ikafunguliwa, na mwaka 2006 wakapatana. Familia ikaanza kulipwa.

Sikilizeni jinsi walivyopata mlango, maana hapo ndipo pana somo la kihasibu. Huruma ya dunia haikuwatosha. Kilichowasaidia ni kifungu katika sheria ya hakimiliki ya Uingereza ya mwaka 1911, iliyotumika katika makoloni yake, kilichosema kwamba hata mtunzi akiuza haki zake, miaka 25 baada ya kifo chake haki hizo zinarudi kwa warithi. Tangu 1987, basi, wimbo ulikuwa wao, na hakuna aliyewaambia. Mistari michache ya sheria iliyochapishwa zamani, baba yao akiwa mtoto mdogo, ilifanya kazi ambayo miaka mingi ya umaarufu haikuifanya.

Mtasema hayo ni ya zamani, siku hizi kuna intaneti na msanii anapakia wimbo wake mwenyewe. Ni kweli, na nafurahi. Lakini nawaomba tuifungue mashine hiyo tuone ndani.

Majukwaa ya kusikiliza muziki mtandaoni, kama Spotify, hayana bei moja ya kila wimbo unaposikilizwa. Fedha za wanaolipia na za matangazo hukusanywa pamoja kwa kila nchi, jukwaa linachukua sehemu yake, ambayo ni kama theluthi moja, kisha kinachobaki kinagawanywa kulingana na nani kasikilizwa kwa kiasi gani. Kwa hiyo msikilizaji wa nchi ambako ada ni ndogo au ambako watu husikiliza bure huleta fedha kidogo sana. Ndiyo maana msanii anaweza kuonyesha mamilioni ya wasikilizaji nyumbani kwake akabaki anakopa nauli. Si lazima awe ameibiwa. Amesikilizwa na watu ambao soko limewapa thamani ndogo. Dawa ya hilo siijui kikamilifu, ila najua msanii anayelifahamu ataweka nguvu pia kwenye maonyesho, kwenye matangazo, na kwenye wasikilizaji wa nchi za nje, badala ya kungoja muujiza.

Tatizo linalotibika ni jingine. Kila rekodi ina mali mbili ndani yake: utunzi, yaani maneno na muziki, na rekodi yenyewe, ile sauti iliyofungwa studio. Kila mali ina mwenyewe na kila moja ina fedha zake. Redio ikipiga, hoteli ikipiga, filamu ikiuchukua wimbo, kuna mirabaha, yaani malipo ya kutumia kazi ya mtu, inayotakiwa kumfikia mtunzi kupitia chama cha kukusanya mirabaha cha nchi yake, ambacho kina mikataba na vyama vya nchi nyingine. Sasa wimbo umepakiwa bila jina la mtunzi. Au mtunzi kaandikwa kwa jina la utani ambalo halipo kwenye chama. Au waliotunga ni watatu na kaandikwa mmoja. Fedha inakuja, inatafuta mwenyewe, haimwoni. Inakaa. Baada ya muda uliowekwa, mara nyingi inagawiwa kwa wale ambao majina yao yamekaa sawa, kwa uwiano wa ukubwa wao sokoni. Yaani fedha ya mtunzi mdogo asiyejiandikisha inakwenda kumnenepesha mkubwa wa mbali, na kila kitu kimefanyika kwa mujibu wa kanuni.

Najua kuna wanasheria humu watakaoniambia kwamba kwa Mkataba wa Berne, makubaliano ya kimataifa ya hakimiliki, haki hiyo haihitaji kusajiliwa. Inazaliwa pale kazi inapozaliwa. Sawa kabisa. Mtoto naye anakuwa wako tangu anapozaliwa, na bado unamkatia cheti.

Niwape ukurasa wa pili. Dada mmoja mwimbaji, sitamtaja, alikuja kwangu na mkataba wa kurasa 14 aliokwisha kuusaini. Alipewa usiku, studio, watu wakingoja, kalamu ikiwa mkononi mwake. Hakuja kulalamika. Alikuja na swali moja. Katika kipengele cha tisa aliandikiwa kwamba ametoa haki zote za nyimbo zake, "kwa njia zote zilizogunduliwa na zitakazogunduliwa, duniani kote, milele." Akaweka kidole kwenye neno, akaniuliza, "Zitakazogunduliwa ndiyo nini?" Alikuwa na umri wa miaka 19. Nilimweleza kwamba siku ikitokea teknolojia ambayo leo hakuna anayeijua, na ikapiga wimbo wako, fedha si yako. Alinyamaza, akaukunja mkataba taratibu kama unavyokunja kitambaa, akautia mkobani. Nyimbo zake zinapendwa hadi leo. Zinapigwa, zinawekwa kwenye video fupi za watu wasiomjua. Yeye anaishi kwa kuimba kwenye sherehe, Jumamosi hadi Jumamosi, na sauti imeanza kuchoka.

Nimezungumza na wasanii. Sasa niwageukie viongozi wetu, kwa heshima zote.

Umoja wa Mataifa uliutangaza mwaka 2021 kuwa mwaka wa kimataifa wa uchumi wa ubunifu kwa maendeleo endelevu, na UNESCO mwaka huohuo ikatoa ripoti kuhusu filamu Afrika: takriban watu milioni 5 wanapata riziki humo, mapato kama dola bilioni 5 kwa mwaka, na uharamia unakula nusu ya mapato au zaidi katika nchi nyingi. Hotuba za mwaka ule zilikuwa nzuri. Lakini tazameni nchi zilizopiga hatua mtaona zilianza na mambo ya kikarani.

Watu wakiitaja Korea Kusini hutaja nyota zake. Mimi huwataja makarani wake. Mwaka 1994 washauri wa rais walimweleza kwamba mapato ya filamu moja kubwa ya Marekani yalilingana na mauzo ya magari milioni moja na nusu ya Hyundai. Ulinganisho huo ukawashtua. Na baada ya mtikisiko wa fedha wa 1997, nchi ikiwa imeinamishwa na madeni, walitunga mwaka 1999 sheria ya kukuza viwanda vya utamaduni, yenye mifuko, mafunzo na bajeti. Tena tangu miaka ya 1960 kumbi zao za sinema zililazimishwa kisheria kuonyesha filamu za nyumbani kwa siku kadhaa kila mwaka. Nyota walikuja baadaye sana. Walikuta barabara imekwisha kuchongwa.

Kama Korea inaonekana mbali, tazameni Burkina Faso, enzi hizo ikiitwa Volta ya Juu, moja ya nchi maskini kabisa duniani. Kumbi zake za sinema zilikuwa mikononi mwa kampuni za kigeni zilizoamua watu watazame nini. Mwaka 1970 serikali ikazitaifisha, na sehemu ya kila tiketi ikawa inakwenda kwenye mfuko wa kutengeneza filamu za nyumbani. Mtu akitazama filamu ya kigeni jioni anachangia, bila hata kujua, filamu ya mwenzake. Nchi hiyo ndiyo inayofanya tamasha la filamu za Afrika la FESPACO tangu 1969, na mwaka 1990 mwongozaji wake Idrissa Ouédraogo alitwaa tuzo ya Grand Prix kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa. Sisemi tutaifishe kitu. Nasema waliona fedha inapopita, wakaweka kikombe pale.

Kwa hiyo sitaomba tamasha jingine wala tuzo nyingine. Naomba ofisi ya takwimu iweke mistari ya filamu, muziki, mitindo, uchapishaji na michezo ya kompyuta, kila mmoja peke yake, isiwe kapu moja liitwalo "huduma nyinginezo". Naomba chama cha mirabaha kichapishe kila mwaka kimekusanya kiasi gani, kutoka kwa nani, kimemlipa nani, na kimejilipa kiasi gani. Vibali vya kupiga picha vipatikane dirisha moja. Nimeshuhudia siku nzima ya kazi ikiungua watu 30 wamekaa chini ya mti kusubiri mhuri wa nne. Na hili nalisema kwa uchungu: serikali na mashirika yanapowaita wasanii kwenye sherehe zao, wawalipe. Msiwaambie watapata kujulikana. Mwenye hema analipwa, mwenye viti analipwa, mwenye spika analipwa, na aliyewafanya wageni wainuke vitini anaambiwa asante kwa uzalendo.

Nimebakiza jambo dogo, na hili haliingoji serikali.

Mezani karibu na mlango nimeweka karatasi. Ni ukurasa mmoja tu. Una nafasi ya jina la kazi, tarehe, majina kamili ya kila aliyechangia, alichangia nini, na asilimia ngapi ni yake, kisha sahihi. Wakati wenu wa kugombana kuhusu wimbo bado haujafika, kwa sababu wimbo bado hauna fedha, na ndiyo maana leo ni siku nzuri ya kuijaza. Ninawaona hapo nyuma wale vijana watatu waliotumbuiza mwanzoni. Niliuliza nani katunga, mkaangaliana mkacheka. Pitieni hapo kabla hamjaondoka. Kalamu zipo, na mimi nitakaa pale mpaka wa mwisho amalize.